Mti Hauendi ila kwa Nyenzo: Mwana wa Kisiwani katika Sinema za Uingereza

Mkaazi wa pwani hana haja ya kufundishwa namna jahazi linavyoshuliwa. Watu hukusanyika mapema, kamba zikafungwa, nahodha akasimama mahali pa kuonekana, wimbo ukaanzwa, na chombo kikasogea kidogo kidogo mpaka kikagusa maji. Hapo vifijo na vigelegele humwendea mwenye jahazi na fundi aliyeliunda. Hakuna aulizaye habari za yale magogo yaliyolazwa chini ya mkuku, yaliyobeba uzito wote na kusagika mchangani. Wazee wetu, hata hivyo, waliyaona, wakatuachia msemo kwamba mti hauendi ila kwa nyenzo.

Msemo huo tumeukumbuka kwa sababu ya mtu mmoja ambaye jina lake halikuvuma, ingawa sura yake ilionwa na mamilioni. Jina lake ni Earl Cameron. Alifariki dunia tarehe 3 Julai 2020 katika mji wa Kenilworth, Uingereza, akiwa na umri wa miaka 102. Kwa muda wa takriban miaka 70 alionekana katika majukwaa, sinema na televisheni za nchi hiyo, na katika muda wote huo ni mara chache mno jina lake lilipotangulia majina ya wenzake. Alikuwa mchezaji wa pili, yaani yule anayepeleka habari, anayemtibu mgonjwa, anayemwonyesha shujaa njia, kisha akatoka katika picha na shujaa akabaki. Watoto wetu waendapo sinema wana kanuni yao, kwamba "steringi" hafi. Cameron hakuwa steringi, na kwa hiyo alikufa mara nyingi.

Yamkini msomaji, hasa ofisa mwenye mafaili yanayomngojea mezani, atauliza: habari za mwigizaji wa Uingereza zatuhusu nini sisi? Jawabu ni kwamba Cameron alikuwa mtu wa kisiwani kama sisi. Alitoka katika kisiwa kilichotawaliwa na wageni, akaenda kutafuta riziki kwa watawala wenyewe. Yaliyompata huko, na yale aliyoyakataa, na namna kisiwa chake kilivyomkumbuka mwishoni, ni mambo yanayostahili kufikiriwa na kila mtu mwenye dhamana juu ya watu wa visiwani.

Meli iliyomwacha

Cameron alizaliwa tarehe 8 Agosti 1917 katika jimbo la Pembroke, Bermuda. Hivyo ni visiwa vidogo vilivyo peke yao katika Bahari ya Atlantiki, umbali wa kilomita zipatazo 1,000 kutoka pwani ya Marekani. Eneo lake lote ni kama kilomita za mraba 53 tu. Unguja peke yake yaweza kuimeza Bermuda mara 30 na isishibe. Visiwa hivyo vilikuwa chini ya bendera ya Uingereza, na hata leo vingali hivyo. Baba yake alikuwa mwashi wa mawe, naye alifariki mwaka 1922, mtoto angali mdogo. Mama akabaki kuwalea watoto wake kwa kazi za hapa na pale.

Katika kisiwa kidogo, kijana asiye na mali ana njia mbili: kukaa na kungoja, au kuingia baharini. Cameron aliingia baharini. Alijiunga na meli za biashara za Kiingereza, akawa akisafiri zaidi baina ya New York na bandari za Amerika ya Kusini. Mwezi wa Oktoba 1939, vita vikuu vya pili vimekwisha kuanza, meli yake ikatia nanga London. Kama alivyosimulia mwenyewe katika uzee wake, alinaswa na mapenzi ya msichana mmoja, meli ikang'oa nanga bila yeye, na yule msichana naye akaenda zake. Akabaki katika mji wa ugenini, baridi inaingia, wala hana kazi. Mtu mweusi hakupata kazi kwa urahisi London siku zile. Aliyoipata ni ya kuosha vyombo katika majiko ya watu.

Mwaka 1941 rafiki yake mmoja, aliyekuwa na sehemu ndogo katika mchezo wa jukwaani ulioitwa Chu Chin Chow, alimpa tikiti akatazame. Mchezo huo umetokana na kisa cha Ali Baba na wezi arubaini, ambacho sisi tumekisikia tangu utotoni katika hadithi za Alfu Lela Ulela. Cameron, aliyekwisha kuchoka na masufuria, aliomba naye aingizwe. Akaambiwa nafasi zimejaa. Baada ya wiki chache mchezaji mmoja hakutokea kazini, na mwongozaji akamchukua Cameron papo hapo. Basi nafasi yake ya kwanza katika sanaa ilikuwa nafasi ya mtu ambaye hakuja.

Mwaka uliofuata alipewa maneno ya kusema jukwaani, katika mchezo wa Kimarekani uitwao The Petrified Forest, akiwa dereva wa gari la tajiri. Alipoona kwamba sauti ndiyo chombo cha kazi yake, alikwenda kusoma kwa Bibi Amanda Aldridge. Bibi huyo alikuwa binti wa Ira Aldridge, Mmarekani mweusi aliyekuwa mwigizaji mashuhuri katika majukwaa ya Ulaya katika karne ya 19, na aliwahi pia kumfundisha mwimbaji Paul Robeson. Mwaka 1947 Cameron akawa mchezaji wa akiba katika mchezo wa Deep Are the Roots mjini London. Kazi ya mchezaji wa akiba ni kuhifadhi maneno yote ya mchezaji mkuu, kisha kukaa nyuma ya pazia kila usiku, kungoja siku ambayo pengine haitafika. Mwenye kudhani kwamba kazi hiyo ni nyepesi na ajaribu.

Mlango uliofunguka nusu

Mwaka 1951 ilitoka filamu ya Pool of London, iliyoongozwa na Basil Dearden katika studio za Ealing. Cameron alicheza kama Johnny Lambert, baharia wa Jamaica ambaye meli yake imetia nanga London kwa siku chache. Johnny anakutana na msichana wa Kizungu aitwaye Pat, wakatembea pamoja mjini na kupendana kwa haya na heshima, huku mwenzake wa melini akimtumbukiza bila ya yeye kujua katika mkasa wa vito vya wizi. Yasemwa na wajuzi wa sinema kwamba hiyo ndiyo filamu ya kwanza ya Uingereza kuonyesha mapenzi baina ya mwanamume mweusi na mwanamke mweupe. Mapenzi yenyewe hayafiki popote, kwa kuwa Johnny anarudi melini. Hata hivyo, watu waliona jambo geni: mtu mweusi katika filamu ya Kiingereza ambaye si mpagazi wala si kichekesho, bali ni kijana mpole mwenye moyo, na mtazamaji anamwonea huruma.

Baharia wa kweli alikuwa amemcheza baharia wa kubuni, na ameicheza vizuri sana. Kwa desturi, mchezaji aliyefanya kazi ya namna hiyo huanza kugombaniwa. Lau angalikuwa mweupe, bila shaka milango ingalifunguka. Kwake mlango ulifunguka nusu tu, ukakaa hivyo miaka mingi. Waandishi wa filamu wa zama zile hawakuandika sehemu kubwa kwa ajili ya mtu mweusi, na wenye fedha hawakutaka kutoa fedha zao kwa filamu yenye shujaa mweusi. Aliendelea kuitwa, naam, lakini aliitwa kuwa mtumishi, askari, mganga au mwasi. Mwaka 1953, katika filamu iliyotokana na riwaya ya Graham Greene, The Heart of the Matter, alikuwa Ali, mtumishi wa ofisa wa polisi wa kikoloni huko Sierra Leone.

Daktari na muuaji

Hapa habari inafika Afrika ya Mashariki, nasi hatuna budi kusimama kidogo. Mwezi wa Oktoba 1952 serikali ya kikoloni ilitangaza hali ya hatari nchini Kenya, na vita vya Mau Mau vikawa habari ya kila siku katika magazeti ya London. Watengenezaji wa filamu hawakukawia. Mwaka 1955 ilitoka filamu iliyopewa jina la Kiswahili, Simba, mchezaji mkuu akiwa Dirk Bogarde. Filamu hiyo iliitazama vita kwa jicho la mlowezi: hofu ni ya Wazungu, nyumba zinazoshambuliwa ni za Wazungu, na shida ya ardhi, ambayo ndiyo mzizi wa fitina, inapita kwa mbali kama mvua ya ng'ambo.

Katika filamu hiyo Cameron alikuwa Karanja, daktari Mwafrika. Wazungu hawamwamini kwa sababu ni mweusi, na Mau Mau hawamwamini kwa sababu amesoma kwao. Mwishowe anatoka nje kwenda kusema na umati uliokuja na mapanga, na umati unamuua. Ni sehemu ya pili, lakini katika filamu nzima hakuna mtu mwenye mzigo mzito kuliko wake. Mwaka uliofuata, 1956, ikatoka Safari, iliyopigwa Kenya kwenyewe chini ya uongozi wa Terence Young. Safari hii Cameron alikuwa Jeroge, jina ambalo yaelekea ni Njoroge lililopotoka katika ulimi wa mgeni. Jeroge ni mwasi anayejificha kama mtumishi mwaminifu, kisha anamuua mtoto wa bwana wake.

Hatuna haja ya kumpaka mtu mafuta kwa mgongo wa chupa. Picha kama ile ya Jeroge zilisaidia kuwaaminisha walimwengu kwamba mpigania ardhi ni mnyama asiye na sababu, na Cameron alilipwa kwa kuicheza. Watu wa Kenya waliofungwa katika kambi siku zilezile wana haki ya kukasirika. Lakini anayetaka kuhukumu kwa uadilifu aziweke filamu mbili hizo pamoja. Mtu yuleyule, katika muda wa miaka miwili, alipewa chaguo mbili tu: awe Mwafrika mwema anayekufa kwa kuwapenda Wazungu, au awe Mwafrika mwovu anayekufa kwa kuwachukia. Mwafrika wa tatu, yule anayeishi, analima shamba lake na kudai haki yake mchana kweupe, hakuandikwa kabisa. Lawama ya kutomwandika si ya mchezaji. Alichoweza kufanya mchezaji ni kumpa Karanja utu ambao maandishi yenyewe hayakuwa nao, na hilo alilifanya.

Aidha, si filamu zote zilikuwa za namna hiyo. Baada ya ghasia za ubaguzi zilizozuka Notting Hill, London, mwaka 1958, Dearden alimwita tena katika Sapphire, iliyotoka mwaka 1959. Humo Cameron alikuwa Dakta Robbins, kaka wa msichana aliyeuawa, ambaye kwa weupe wa ngozi yake alidhaniwa kuwa Mzungu. Daktari huyo anafika kituo cha polisi, na nyuso za maofisa zinabadilika kabla hajasema neno. Filamu hiyo ilipata tuzo ya filamu bora ya Uingereza ya mwaka ule. Mwaka 1961, katika Flame in the Streets, alikuwa Gabriel Gomez, mfanyakazi wa kiwandani anayestahili kupandishwa cheo, huku wenzake wakimpinga kwa rangi yake. Kiongozi wa chama cha wafanyakazi anamtetea kwa maneno mazito ya usawa, mpaka anapogundua kwamba binti yake mwenyewe anataka kuolewa na mwalimu mweusi. Ofisa yeyote aliyewahi kuhutubia juu ya usawa angefanya vyema kuitazama filamu hiyo.

Viti vya nyumbani

Na huko nyumbani Bermuda? Jambo la kusikitisha ni kwamba katika miaka hiyohiyo ambayo mwana wa Bermuda alikuwa akionekana katika sinema, weusi wa Bermuda walikuwa wakitengewa viti vyao ndani ya majumba ya sinema. Katikati ya mwezi wa Juni 1959 kikundi kidogo cha wananchi, kilichojulikana kama Progressive Group, kilibandika matangazo usiku na kuwataka watu wasiende sinema mpaka ubaguzi huo uondolewe. Watu waliitikia. Majumba ya sinema yakawa matupu, na mwanzoni mwa Julai wenye hoteli, mikahawa na sinema wakasalimu amri. Kazi ya miaka mingi ilifanywa kwa wiki mbili na ushei.

Waliopanga kususia huko hawakusimama jukwaani. Majina yao yalifichwa, kwa kuwa kazi zao na mikopo ya nyumba zao ilikuwa mikononi mwa wale waliowapinga, na umma haukuwajua mpaka miaka 40 ilipopita. Nao pia walikuwa nyenzo chini ya jahazi.

Kutoka angani hadi kwa Najashi

Televisheni ilipoenea Uingereza, Cameron alikuwa miongoni mwa weusi wa mwanzo kuingia majumbani mwa watu kwa njia hiyo. Mwaka 1956 alikuwa katika A Man from the Sun, mchezo wa BBC juu ya wahamiaji wa visiwa vya Karibi waliofika London na kukuta jua limebaki kwao. Mwaka 1960, katika The Dark Man, alipewa kwa mara adimu sehemu kuu, akiwa dereva wa teksi anayekabiliana na chuki ya wenzake. Mwaka 1965 alikuwa Pinder, msaidizi wa James Bond huko Nassau, katika filamu ya Thunderball. Mwongozaji wake alikuwa Terence Young yuleyule wa Safari, na Bahamas ni visiwa vilevile vya jua na chumvi. Tofauti ni kwamba mara hii alikuwa upande wa washindi na hakufa.

Oktoba 1966, katika mfululizo wa Doctor Who, alionekana akiwa rubani wa chombo cha anga. Inasemekana kuwa ndiye mtu mweusi wa kwanza kucheza sehemu hiyo katika televisheni. Chombo kile kinaangamia pamoja naye, lakini watoto wa Uingereza walikuwa wamekwisha kuona jambo ambalo dunia haijaliona bado. Ilibidi kungoja miaka 14, mpaka 1980, ndipo mtu wa kwanza mwenye asili ya Afrika, Arnaldo Tamayo Méndez, aliporuka angani kweli. Naye pia ni mtu wa kisiwani, kutoka Cuba.

Sehemu ambayo pengine itawagusa zaidi wasomaji wetu ni ile ya mwaka 1976. Moustapha Akkad, mwongozaji mwenye asili ya Syria, alitengeneza filamu ya maisha ya Mtume Muhammad (S.A.W.), ambaye kwa heshima hakuonyeshwa sura wala kusikilizishwa sauti. Filamu hiyo, ijulikanayo kwa jina la The Message, ilipigwa mara mbili, kwa Kiarabu na kwa Kiingereza, na wachezaji wa kila lugha walikuwa mbali. Katika ile ya Kiingereza Anthony Quinn alikuwa Hamza, na Johnny Sekka, mzaliwa wa Senegal aliyekuwa yule mwalimu mweusi wa Flame in the Streets, alikuwa Bilal. Earl Cameron alikuwa Najashi, mfalme wa Uhabeshi.

Hakuna mtoto aliyesoma chuoni kwetu asiyekijua kisa hicho. Waislamu wa mwanzo, walioteswa Makka, walivuka bahari na kukimbilia Uhabeshi. Makureshi wakatuma wajumbe na zawadi kwenda kuwadai. Mfalme akataka kwanza awasikilize wanaodaiwa. Jaafar bin Abi Talib akasimama, akaeleza, akasoma aya za Surat Maryam, na mfalme akakataa kuwatoa wageni wake. Cameron mwenyewe hakuwa Mwislamu. Tangu mwaka 1963 alikuwa mfuasi wa dini ya Kibahai. Lakini dakika zile chache alizokaa kitini zina haiba ya mtu aliyepima maneno kabla ya kuyatoa. Baharia aliyeachwa na meli, aliyegonga milango ya London akitafuta kazi, sasa alikuwa ndiye mwenye mlango, na akaufungua.

Kisiwa kingine

Mwaka 1979, akiwa na umri wa zaidi ya miaka 60, Cameron alifanya jambo lililowashangaza wengi. Aliiacha London akahamia Visiwa vya Solomon, katika Bahari ya Pasifiki, pamoja na mkewe Audrey, ili kuitumikia jumuiya ya dini yake. Visiwa hivyo vilikuwa vimepata uhuru mwezi wa Julai 1978, mwaka mmoja tu uliotangulia. Mtu aliyecheza mbele ya kamera pamoja na Sean Connery akafungua duka la kuuza malai ya barafu mjini Honiara. Aliishi huko kiasi cha miaka 15, mpaka mwaka 1994, mkewe alipofariki, ndipo akarejea Uingereza.

Yuko atakayesema kwamba huko ni kuporomoka. Sisi hatuoni hivyo. Mtu anayejua thamani yake hapotezi kitu akiuza barafu kwa watoto. Anayepotea ni yule ambaye cheo kikiondoka hakibaki kitu cha kutazama.

Aliporudi, kazi ilikuwa ikimngojea. Mwaka 2005 ilitoka The Interpreter, iliyopigwa ndani ya Makao Makuu ya Umoja wa Mataifa mjini New York, ambako filamu nyingine hazikuwahi kuruhusiwa. Cameron, katika umri wa karibu miaka 90, alikuwa Edmund Zuwanie, rais wa nchi ya Kiafrika ya kubuni iitwayo Matobo. Zuwanie aliwakomboa watu wake zamani, akaandika kitabu chenye maneno matamu, kisha akayasahau maneno hayo akiwa madarakani, mpaka wananchi wakawa wanamkimbia. Mwishoni mwanamke mmoja anamlazimisha ayasome kwa sauti yale aliyoyaandika mwenyewe. Mzee anasoma, na uso wake unavunjika polepole. Wachezaji wakuu wa filamu ile ni mabingwa wa Hollywood, lakini anayebaki akilini ni yule mzee na kitabu chake. Tunaitaja sehemu hii kwa ajili ya wasomaji wetu wenye madaraka, bila ya kuongeza neno.

Heshima aliyoiona kwa macho yake

Mwaka 2009 Cameron alipewa nishani ya CBE na Malkia wa Uingereza. Mwezi wa Januari 2013 Chuo Kikuu cha Warwick kikamtunuku udaktari wa heshima. Lakini iliyo kubwa kuliko zote, kwa maoni yetu, ni ile ya Desemba 2012. Katika mji wa Hamilton, katika kisiwa ambacho ubaguzi wa viti ulipigwa vita mwaka 1959, ukumbi wa michezo wa City Hall ulipewa jina lake, ukaitwa Earl Cameron Theatre. Alikuwa na umri wa miaka 95, na aliishi miaka saba zaidi akijua kwamba watoto wa Bermuda wanapanda jukwaani chini ya jina lake.

Tunalisisitiza jambo hili kwa sababu visiwa vina ugonjwa mmoja. Watu wake hutawanyika. Huyu ni baharia, yule ni mwalimu ng'ambo, mwingine ni muuguzi katika hospitali ya ugenini au fundi katika karakana ya watu. Wakirudi na mali hupokewa kwa matarumbeta. Wasiporudi na mali huhesabiwa kuwa wamepotea. Na hata wasioondoka, wako wanaofanya kazi za pili maisha yao yote: karani anayejua kila jalada lilipo, mkunga wa kijijini, mpiga zumari nyuma ya mwimbaji, serahangi wa meli ambaye nahodha hawezi kuondoka bila yeye. Hao huja kutajwa siku ya mazishi, katika risala inayosomwa kwa haraka kwa kuwa jua ni kali.

Bermuda, ndogo ilivyo, ilifanya hesabu nyingine. Haikungoja mtu wake awe steringi, wala haikumngoja afe. Iliuliza swali rahisi: je, alipopewa sehemu ndogo, aliitimiza kwa ukamilifu na kwa heshima? Jawabu likawa ndiyo, likaandikwa ukutani. Hapana gharama kubwa katika kuandika jina juu ya mlango. Kinachotakiwa ni kuwa na ofisi inayoweka kumbukumbu za watu wake, na ofisa anayezifungua kumbukumbu hizo wenyewe wakiwa hai.

Yasemwe pia yale ambayo jina ukutani haliwezi kuyaponya. Sehemu kubwa ambazo Cameron angeweza kuzicheza alipokuwa na umri wa miaka 35, nguvu na sauti vikiwa katika ukamilifu wake, hazikuandikwa, na hakuna ukumbi wa kuzifidia. Hiyo ni hasara ya sinema za Uingereza kuliko yake. Na ni onyo kwa kila mwenye kugawa kazi, katika nchi yoyote, kwamba uwezo wa mtu aliyewekwa pembeni haumngoji mpaka sisi tuamke.

Chombo kimekwisha kushuliwa na kiko majini. Wanaosafiri ndani yake, weusi kwa weupe, wanaocheza leo sehemu kubwa katika sinema na televisheni za Uingereza, waligeukie tena lile pwani walikotokea. Pale mchangani, pameandamana alama za mti mmoja uliobeba uzito mrefu bila ya kuvunjika.